Kenyatta wa Turkana: miaka ya Mzee katika ardhi isiyo na bikoni

Tarehe 20 Oktoba siku hizi ni Sikukuu ya Mashujaa. Sisi tuliosoma shule ya msingi kabla ya Katiba ya 2010 tuliijua kwa jina la Sikukuu ya Kenyatta. Mwalimu alikuwa akitusimulia usiku ule wa 1952, pingu, kesi ya Kapenguria, halafu anaruka moja kwa moja mpaka bendera ya uhuru. Zaidi ya miaka minane ya katikati ilimezwa na neno moja tu, kifungo. Leo, ndugu msomaji, nataka niikae miaka hiyo. Karibu yote ilipita Turkana, na mtu aliyeipitisha huko ndiye aliyekuja kukata shauri ardhi ya Kenya iwe mikononi mwa nani, pamoja na hii yetu ya Pwani ambayo mpaka kesho tunaililia.

Nitangulize kusema kwamba siandiki haya kwa chuki wala kwa mapenzi. Marehemu Jomo Kenyatta amekwisha kwenda mbele ya haki tangu 1978. Mimi nina stashahada ya upimaji wa ardhi, na kazi hiyo ndiyo iliyonifikisha Lodwar na Kakuma. Mtu akishika kamba ya kupimia huko siku tatu, anaanza kujiuliza maswali ambayo darasani hayakuulizwa.

Alizaliwa miaka ya 1890 upande wa Gatundu, na tarehe yenyewe hakuna aliyeiandika. Jina lake lilikuwa Kamau. Mwaka 1909 aliingia misheni ya Waskoti pale Thogoto, akajifunza kusoma na useremala, akabatizwa 1914. Vita Kuu ya Kwanza ilipopamba moto na Waingereza kukamata vijana wa kubeba mizigo, yeye alikwenda Narok kukaa na jamaa zake wa Kimasai. Ni jambo ambalo watu hulipita haraka, mimi nalishika. Huyu mtu wa kilimo aliishi na wafugaji angali kijana. Hata jina la Kenyatta watu hulihusisha na mkanda wa shanga wa Kimasai aliopenda kuuvaa. Basi tusiseme kwamba maisha ya ng'ombe na malisho yalikuwa mageni kwake.

Nairobi alifanya kazi katika idara ya maji ya manispaa, akisoma mita za nyumba hadi nyumba. Kazi hiyo humpa mtu nafasi ya kuona nani ana mfereji na nani hana. Mwaka 1928 akawa katibu mkuu wa Kikuyu Central Association, akahariri gazeti lao la Muigwithania. Dai kubwa la chama lilikuwa ardhi. Wazungu walikuwa wamekata mashamba makubwa kuanzia Kiambu hadi Bonde la Ufa, na wenyeji wakaambiwa kwamba ardhi yote ni ya Mfalme wa Uingereza, wao ni wakaaji tu kwa hisani yake. Kenyatta akapelekwa London 1929 kulifikisha dai hilo. Alirudi 1930, akaenda tena 1931, na safari hiyo ya pili ilimchukua miaka kumi na mitano.

Huko alisoma anthropolojia kwa Profesa Malinowski, na 1938 akatoa kitabu chake juu ya Wakikuyu, Facing Mount Kenya. Sura ya ardhi ndiyo roho ya kitabu. Hoja yake ni kwamba Mzungu alikosea alipodhani ardhi ya Mwafrika haina mwenyewe au ni ya kila mtu kiholela. Kila kipande, alieleza, kilikuwa na ukoo wake, kina mipaka inayojulikana, kina taratibu za kumkaribisha mpangaji na za kurithisha. Hoja hiyo ilikuwa na nguvu, na kwa wakati wake ilikuwa ya ushujaa. Lakini angalia, ni hoja ya mkulima. Ushahidi wa umiliki ndani yake ni mpaka, shamba lililolimwa na kaburi la babu. Mfugaji anayehama na mvua hana ushahidi wa namna hiyo.

Wakati wa Vita vya Pili alifanya kazi za shamba kule Sussex, Oktoba 1945 akahudhuria mkutano wa Waafrika Manchester, na 1946 akarudi nyumbani. Mwaka uliofuata akawa rais wa Kenya African Union. Mengine mnayajua: Mau Mau, hali ya hatari, kukamatwa usiku wa 20 Oktoba 1952. Kesi ilifanyiwa Kapenguria, mbali na Nairobi na waandishi wake, na 8 Aprili 1953 Hakimu Thacker akamhukumu miaka saba na kazi ngumu. Pamoja naye walikuwa Bildad Kaggia, Fred Kubai, Paul Ngei, Kung'u Karumba na Achieng Oneko. Oneko alishinda rufaa lakini serikali ikaendelea kumzuilia. Nyumba ya Kenyatta ya Gatundu ilibomolewa na shamba lake likachukuliwa. Mtu aliyevuka bahari kudai ardhi ya watu wake akabaki hana hata uwanja wa kuanika mahindi.

Wakampeleka Lokitaung, kaskazini kabisa mwa Turkana, jirani na mpaka wa Sudan na Ethiopia.

Kwa nini huko? Kwa sababu Waingereza walikuwa wamekwisha kuigeuza Turkana kuwa kufuli. Waturkana walipigana nao kwa miaka mingi, na katika operesheni kubwa ya 1918 majeshi ya mkoloni yalinyakua makumi ya maelfu ya mifugo. Ngamia, ng'ombe na mbuzi ndiyo hazina ya mtu wa kule, kwa hiyo ilikuwa sawa na kuvunja benki za nchi nzima na kuondoka na fedha. Baada ya hapo wilaya ikafungwa kwa sheria. Mgeni hakuingia bila kibali, mwenyeji hakutoka bila kibali, biashara ikafa, shule zikawa hadithi. Nchi iliyofungwa hivyo ilikuwa jela kabla hawajajenga jela. Lokitaung haikuhitaji ukuta mrefu, maana mfungwa akitoroka angekwenda wapi?

Kenyatta alikuwa mtu mzima kuliko wenzake, hivyo akaondolewa kazi nzito na kufanywa mpishi wa wafungwa. Wenzake walivunja mawe na kuchimba mitaro kwenye jua lile ambalo sisi wa Pwani, pamoja na kujigamba kwetu kuhusu joto, hatulijui. Mle ndani hawakupatana. Walikuja kugawanyika vibaya, na kina Kaggia wakawa upande mmoja, Mzee upande wake. Ugomvi ule wa gerezani tutaukuta tena mbele, ukiwa umevaa suti.

Kifungo kilipokwisha Aprili 1959 hakuachiwa. Alihamishiwa Lodwar kwa amri ya kumzuia asitoke mjini, akapewa nyumba, na mkewe Mama Ngina akaruhusiwa kuja kuishi naye. Nyumba hiyo bado huonyeshwa wageni. Lodwar ya siku hizo ilikuwa boma la serikali, maduka machache na mchanga, kando ya mto Turkwel. Gavana Renison alimwita kiongozi wa kuwapeleka watu gizani na mautini, huku nje Oginga Odinga na wenzake wakipiga kelele kwamba bila huyu mzee hakuna serikali itakayoundwa.

Katika miezi hiyohiyo ukame wa 1960 na 1961 uliikumba Turkana. Mifugo ilikufa, na watu waliopoteza kila kitu wakakusanywa katika kambi za chakula cha msaada, wengine wakapelekwa ziwani wafundishwe uvuvi. Hapo ndipo ilipoanza ile desturi ya kumwona Mturkana kama mtu wa kupanga foleni ya mahindi. Kenyatta alikuwa palepale mjini. Alichokiwaza alipoona wafugaji wakiingia Lodwar bila hata mbuzi mmoja, sitajitia kukijua. Naweza kusema tu alichokifanya baadaye, na alichoacha kukifanya.

Hapa naomba nitoke kidogo kwenye maisha ya Mzee nieleze kitu, kwa sababu bila hicho hadithi haieleweki. Wengi tunaamini ardhi ya Turkana haina mwenyewe. Mimi pia nilikwenda 2018 nikiwa na ramani nyeupe mkononi, ramani isiyo na mstari hata mmoja kwa makumi ya kilomita. Baada ya sala ya Ijumaa mzee mmoja wa Kiturkana, dereva wa zamani aliyesilimu akiwa kazini Mombasa, alinichukua kando ya Turkwel tukaenda kwa miguu. Akanionyesha mgunga mkubwa na kuniambia ni wa familia fulani. Mbele kidogo, kuanzia mkwaju hadi kichuguu, ni wa familia nyingine. Miti ya kando ya mto, ambayo maganda yake ndiyo chakula cha mbuzi wakati wa kiangazi, ina wenyewe, na kipande hicho cha miti huitwa ekwar. Mvua ikinyesha na majani kuota, kila mtu anachunga popote. Kiangazi kikikaza, mwenye ekwar ndiye mwenye haki, na ukiangusha maganda ya mti wa mwenzio bila ruhusa utaitwa mbele ya wazee.

Mimi mtu wa Kilifi nilielewa papo hapo. Kwetu si ajabu mtu kumiliki minazi iliyo katika shamba la mwingine. Ardhi ya huyu, mnazi wa yule, nazi za wajukuu, na kila mmoja anajua mpaka wake. Mpimaji akija na kamba yake hupima udongo. Mnazi haumo katika hati, ekwar haimo katika hati, na haki ya kupita na ngamia kwenda kisimani haimo pia.

Turudi kwa Mzee. Tarehe 23 Machi 1961 viongozi wa KANU na KADU walipanda ndege pamoja kwenda Lodwar kumwona. Fikiria mji ule mdogo, siku moja, ukiwa ndio makao makuu ya siasa za Kenya. Mwezi uliofuata alihamishiwa Maralal, na Agosti akarejeshwa Gatundu ambako serikali ileile iliyobomoa nyumba yake ilikuwa imemjengea nyingine. Juni 1963 akawa Waziri Mkuu, na Desemba 1964 Rais.

Wakati yeye akiwa gerezani Waingereza walikuwa wamefanya jambo moja kubwa. Mpango wa Swynnerton wa 1954 uliunganisha vishamba vya Mkoa wa Kati na kuvitolea hati za mtu mmojammoja. Waliokuwa msituni au kizuizini walirudi wakakuta mipaka mipya. Wengi walitarajia Kenyatta angeyafumua hayo. Hakuyafumua. Aliyakubali na kuyaendeleza. Mashamba ya wazungu yalinunuliwa kwa mkopo kutoka Uingereza na Benki ya Dunia, kwa kanuni ya muuzaji aliyeridhika na mnunuzi aliyeridhika. Ekari milioni moja na zaidi ziligawiwa kwa walowezi Waafrika, wenye uwezo wakapata zilizo kubwa, na maskini akapata kipande pamoja na deni lake.

Kaggia, mfungwa mwenzake wa Lokitaung, alikuwa naibu waziri. Alitaka wasio na ardhi wapewe bure, akisema hawawezi kununua kilichokuwa chao. Akalazimika kutoka serikalini mwaka 1964. Aprili 1965, kwenye mkutano wa hadhara Kandara, Kenyatta alimsimanga mbele ya watu. Alimhesabia wenzao wa gerezani waliokwisha kupata mabasi, majumba na mashamba, akamuuliza yeye amejifanyia nini. Kaggia alijiunga na Odinga katika KPU, akashindwa, akafungwa tena, na akafa 2005 bila utajiri. Mimi nikiyasoma maisha ya Kenyatta, siku ile ya Kandara naiona nzito kuliko siku ya Kapenguria. Kapenguria alihukumiwa na wengine. Kandara alijieleza mwenyewe.

Na Pwani? Sheria ya hati za ardhi ya 1908 iliwataka wenye ardhi katika ukanda wa maili kumi wajitokeze kudai. Waliojua kusoma tangazo na kufika ofisini walipata hati. Wamijikenda walio wengi, na Waswahili wengi wa vijijini, hawakupata, na ardhi iliyobaki ikawa ya Serikali. Oktoba 1963, Kenyatta na Waziri Mkuu wa Zanzibar, Muhammad Shamte, walibadilishana barua za kuunganisha ukanda huo na Kenya. Sisi Waislamu tunaikumbuka hati hiyo kwa sababu ya mahakama za kadhi, na ni haki tuikumbuke. Lakini ndani yake pia mliahidiwa kwamba hati za ardhi zilizokwisha kuandikishwa Pwani zitaheshimiwa daima. Maana yake aliyekosa hati 1908, mjukuu wake akawa skwota katika uhuru. Miaka ya 1970 ikaja skimu ya Lake Kenyatta pale Mpeketoni, na walowezi wengi wakatoka bara. Sisemi yule mkulima wa Mpeketoni ana kosa, naye alikuwa maskini akitafuta pa kulima. Nasema tu nani aliyepanga foleni, na nani aliyesahauliwa nje ya foleni. Ripoti ya Tume ya Ukweli, Haki na Maridhiano ilipotoka 2013, sura ya ardhi ndiyo iliyozua mtafaruku, na makamishna watatu kutoka nje wakakataa kuitia sahihi.

Turkana haikuuziwa wala haikugawiwa. Iliwekwa katika fungu la ardhi ya dhamana, chini ya baraza la kaunti, na kuachwa. Hati ya sera ya 1965, ile Sessional Paper nambari 10, ilisema fedha za maendeleo ziwekwe kwanza mahali zitakapozaa haraka, penye udongo mzuri, mvua na barabara. Kwa hesabu hiyo Lodwar haina nafasi, wala Garissa, wala Tana River. Aliyeisimamia sera hiyo alikuwa amekula mchanga wa Turkana yapata miaka minane, muda mrefu kuliko aliokaa chuoni. Alikuwa Rais karibu miaka kumi na nne, na Mturkana alibaki akisema anasafiri kwenda Kenya kila alipopanda lori la Kitale.

Alifia kwetu, Ikulu ya Mombasa, alfajiri ya 22 Agosti 1978. Wazee wetu wanakumbuka mji ulivyonyamaza kabla redio haijatangaza. Aliacha nchi iliyotulia, shule nyingi, na familia yake ikiwa miongoni mwa wenye ardhi kubwa nchini. Yote matatu ni ya kweli, na anayetaja moja pekee anafanya siasa.

Ile ramani nyeupe ya Turkana ilibaki nyeupe mpaka mtu alipoitaka. Mwaka 1992 ilifunguliwa kambi ya wakimbizi Kakuma, na miti ya mto Tarach ikaanza kuisha kwa kuni. Leo Kakuma na Kalobeyei zina zaidi ya watu 200,000, na soko lao la Wasomali lina bidhaa kuliko miji mingi ya Pwani. Kalobeyei pekee ilitengewa yapata hekta 1,500. Machi 2012 mafuta yakapatikana kisima cha Ngamia 1, karibu na Lokichar, na Juni 2018 malori yakaanza kuyaleta Changamwe. Wenyeji waliyafungia barabara muda mfupi tu baadaye. Agosti 2019 meli ya kwanza ikang'oa nanga Mombasa na yapata mapipa 200,000. Huku Lodwar, mitaa ya Kanamkemer na Napetet, mabroka wa ploti wakawa wengi kuliko wachuuzi wa samaki.

Katiba ya 2010 iliiondoa ardhi ya dhamana na kuiita ardhi ya jamii, na Sheria ya Ardhi ya Jamii ya 2016 ikaeleza njia. Jamii iitishe mkutano, ichague kamati ya watu 7 hadi 15, iandikishe jina na kanuni zake, ipimiwe, ipewe hati. Kuuza kunataka theluthi mbili ya wanajamii. Mpaka hayo yafanyike, kaunti ndiyo inayoishika ardhi kwa niaba yao, na fidia ikilipwa hukaa kwa kaunti. Kwa hiyo kuchelewa kuna bei yake, kama kulivyokuwa na bei Pwani 1908.

Nilikuwa Kakuma mkutano wa namna hiyo ulipofanywa chini ya mti. Ofisa alieleza vizuri, kwa Kiswahili kisha kwa Kiturkana. Akamaliza, akauliza kama kuna swali. Mama mmoja alisimama, akataka kujua jamii yao itaandikishwa mahali wanapokaa wakati wa mvua au mahali wanapokaa kiangazi, na majirani wanaokuja na mifugo yao mwaka wa njaa wataandikwa wapi. Ofisa alifungua sheria akatafuta kifungu. Tulimsubiri kwa muda mrefu.